Mtungi wa Wageni Tusiowajua

Xiashu, 18 Machi 1996

Mwanangu A Qin,

Salamu kutoka nyumbani, ambako mvua imeanza tangu wiki iliyopita na haioneshi dalili ya kuchoka. Mimi sijambo. Goti la kushoto linalalamika nikipanda ngazi za daraja, lakini mkono wa wembe hautetemeki, na hilo ndilo wateja wanalotaka kujua. Wewe je, hujambo? Unakula vizuri huko juu kwenye baridi?

Barua yako ya mwaka mpya nimeipata. Umejaza ukurasa mzima habari za theluji, halafu chini kabisa, kwa herufi ndogo, ukaandika kwamba huenda mwaka huu ukawa na neno la kuniambia. Mwanamke wa miaka ishirini na sita ana neno la kumwambia baba yake, na anadhani baba yake hana akili? Nilimsomea Mzee Shou maneno hayo nikiwa namnyoa ndevu. Alicheka mpaka nikamkwaruza sikio.

"Bingkun," akaniambia, "ile mitungi yako ya mvinyo ichimbue kabla sijafa. Miaka yote hii nakaa na kiu kwa ajili ya binti yako."

Nikamwambia angoje kama wengine wanavyongoja.

Tangu siku ile naota ndoto moja. Naona mashua zikija mfereji mzima, zimefuatana, paa zao nyeusi zinang'aa kwa mvua, na ndani yake watu wamekaa wima na bakuli mikononi, kimya, wananitazama tu. Mimi nimesimama chini ya mforosadi wetu, pale ilipofukiwa mitungi, nahesabu vichwa. Kila nikikaribia kumaliza, mashua nyingine inapinda kona.

Kwa hiyo niambie mapema. Ni nani huyo, kwao wako wangapi, na wanakunywaje? Kinyozi anaweza kukadiria kijiji chake mwenyewe, lakini kijiji cha mtu mwingine lazima aulize.

Baba yako


Linxia, 9 Aprili 1996

Baba yangu,

Shikamoo. Mimi mzima wa afya, ila midomo imepasuka kwa upepo. Goti ulisugue kwa tangawizi ya moto, na ngazi za daraja uziache, mwambie Mzee Shou akuvushe kwa mashua yake. Bata wake hawatakufa kwa kumkosa kidogo.

Umenishika. Anaitwa Min Dehai. Ni fundi saa, ana meza yake sokoni karibu na lango la kusini. Tulijuana kwa sababu kipimamvua chetu hapa kituo cha hali ya hewa kina saa ndani yake inayozungusha karatasi, na saa hiyo ilisimama katikati ya mvua kubwa kuliko zote za mwaka juzi. Mkuu wa kituo alitaka kulia. Dehai akaja na begi lake, akalala chini ya mwavuli wangu kwenye matope, akaitengeneza mvua ikiwa bado inanyesha. Hakusema neno mpaka saa ilipoanza kulia, ndipo akaniuliza kama mkono wangu haujachoka. Ulikuwa umechoka sana, nikamwambia haujachoka.

Kwao ni watu wengi. Kuhusu mengine nitakuandikia.

Baba, hivi ile hesabu ya mitungi uliifanyaje? Nilikuwa mtoto wa mwezi mmoja, ulijuaje watakuja wangapi? Mimi hapa napima mvua ya jana na bado nakosea kusema ya kesho.

Binti yako, A Qin


Xiashu, 2 Mei 1996

Mwanangu,

Natumaini barua hii itakukuta salama wewe na huyo fundi wako wa kulala matopeni. Mimi mzima, na nimefurahi kiasi kwamba jana nilimnyoa mtu bure, nikajuta baadaye.

Unauliza hesabu. Kaa kitako.

Ulipotimiza mwezi nilikunyoa nywele zako za kwanza mwenyewe. Kichwa chako kilikuwa na joto, kimejaa mkononi. Mwaka ule nilikuwa nimenyoa watu kwa mchele wa kunata badala ya malipo mengine, mama yako akaupika mvinyo kwa maji ya Ziwa Jian, kama inavyopaswa. Kikabaki kitu kimoja, tufukie mitungi mingapi kwa ajili ya siku ya arusi yako.

Mimi nilihesabu kwa vichwa, maana vichwa vyote vya Xiashu vilipita mikononi mwangu. Meza moja watu wanane. Mtungi mmoja meza tatu, ukiwachanganya vizuri wale wa kuonja na wale wa kumimina. Ninawajua kwa kuwainamia wakiwa kitini: harufu ya mtu asubuhi haisemi uongo. Nikaondoa wazee ambao hawangeifikia siku hiyo, nikaongeza watoto ambao wangekuwa watu wazima. Nikapata mitungi tisa. Tisa kamili, nikajisifu.

Mama yako alikuwa amekubeba mgongoni. Akasema, "Ongeza mmoja."

"Wa nani? Kijiji kizima kimekwisha."

"Wa wageni tusiowajua. Huyu ataolewa na watu ambao leo hatujui hata majina yao. Nao si watakuja na kiu yao?"

Nikaongeza wa kumi, kwa kunung'unika. Yeye mwenyewe ndiye aliyeuziba, majani ya yungiyungi na udongo juu yake, akaacha alama ya kidole gumba. Ulikuwa na miaka tisa alipotutoka, huenda hukumbuki kidole chake. Mimi nakikumbuka.

Sasa mtungi wa kumi umepata mwenyewe. Nakuuliza tena: hao Wamin wanakunywaje? Mahali pa baridi namna hiyo lazima wawe wa kumimina. Kama mmoja hautoshi niambie, tutaazima kwenye ile tisa.

Baba yako


Linxia, 28 Julai 1996

Baba mpendwa,

Shikamoo, na unisamehe kwa kukaa kimya. Sikuugua. Nilianza barua hii mara nyingi nikaiacha.

Dehai ni Mhui. Ni Mwislamu, na kwao wote ni Waislamu, mpaka babu wa babu. Hawanywi, baba. Si kwamba wanakunywa kidogo. Mvinyo hauwekwi mezani kwao, hauingizwi nyumbani, na chakula hakiliwi pale unapomiminwa. Nilijua tangu mwanzo, na kila ulipouliza wanakunywaje nilishindwa kukujibu, kwa sababu nilikuona uko chini ya mforosadi unahesabu.

Na mimi pia, baba. Mwezi wa sita nimeingia katika dini yao. Sikulazimishwa na mtu. Nilikaa na mama yake jikoni karibu miaka miwili na nilipenda jinsi nyumba ile inavyotulia mara tano kwa siku. Imamu amenipa jina la Salima. Kwako mimi ni A Qin, hilo halibadiliki.

Arusi itakuwa mwezi wa nne mwakani, hapa. Nataka uje. Sijui nikuombe vipi, maana najua ninachokunyima. Nakuomba tu.

A Qin wako


Linxia, 15 Oktoba 1996

Baba yangu,

Shikamoo. U mzima? Sijapata barua yako tangu ya mwezi wa tano. Nimemwandikia Mzee Shou kuuliza goti lako, naye amejibu mstari mmoja: "Anatembea. Haongei."

Baridi imerudi. Asubuhi kipimamvua kina ganda la barafu, na mlima wa kusini umevaa nyeupe mpaka kiunoni. Sina habari kubwa. Jana mama yake Dehai alinimiminia chai, nikakukumbuka sana. Chai ya hapa hutiwa kwenye bakuli lenye kifuniko na kisahani. Ndani kuna majani ya chai, tunda jekundu la kunazi lililokauka, zabibu, ufuta, lozi, na bonge la sukari. Mwenye nyumba anasimama na birika, kila ukinywa anaongeza. Huwezi kusema basi. Ukitosheka unafunika bakuli kwa kiganja, au unalila kunazi lako, hapo anaelewa. Kunazi likiwa bado liko chini, yeye anamimina.

Nilikaa bila kulila kunazi mpaka giza likaingia. Akaniuliza, "Leo una kiu ya nini, mwanangu?" Nikamwambia ya nyumbani.

Anauliza kama baba yangu anapenda chai yenye sukari nyingi.

A Qin


Xiashu, 20 Novemba 1996

A Qin,

Mimi mzima. Natumaini na wewe.

Sikukuandikia kwa sababu nilikuwa na hasira, na mtu mwenye hasira asishike wembe wala kalamu. Nisikufiche, iliniuma. Miaka ishirini na sita nimehesabu. Kila mtu akifa kijijini nilikuwa natoa bakuli lake. Mtoto akizaliwa naongeza. Nikiwa nanyoa, mdomo unaongea habari za mpunga, kichwani nahesabu. Halafu barua yako inakuja kuniambia hesabu ya wageni ni sifuri. Nilikaa chini ya mforosadi nikajiona mjinga. Nilidhani pia kwamba umeniacha, kwamba hutakula tena mezani kwangu. Nililia kidogo, Shou akaniona, akajifanya anaita bata.

Siku kadhaa baadaye akaja kukaa kitini kwangu, nywele zenyewe hana. Akasema, "Binti yako amepata mume asiyelewa, nawe unanuna. Binti yangu mimi amepata wa kuokotwa mtaroni. Tubadilishane?"

Nilimpaka sabuni mpaka mdomoni.

Ndoto ile bado inakuja. Mashua zimepungua. Watu wameketi na bakuli, lakini sasa bakuli zina vifuniko, na hawaniangalii kwa hasira, wananisubiri tu. Nimechoka kusubiriwa na watu nisiowajua.

Hiyo chai. Umesema mwenye nyumba anamimina bila kikomo mpaka kunazi liliwe. Sasa huo ni mpango gani wa karamu? Mtu anajuaje achemshe maji kiasi gani? Bakuli linachukua kiasi gani, pamoja na hayo makorokoro ndani? Meza ngapi? Usinijibu juu juu. Nipe vipimo.

Chai naipenda yenye sukari kidogo.

Baba yako


Linxia, 10 Desemba 1996

Baba yangu, baba yangu,

Shikamoo mara mia. Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama nje kwenye theluji, mkuu wa kituo akadhani nimepokea msiba.

Vipimo hivi hapa. Dehai alichukua bakuli la mama yake akalileta kituoni, tukalipima kwa bilauri ya kupimia mvua, ambayo haikosei. Alitia kwanza kunazi na kila kitu, maana alisema baba'ko hatakubali bakuli tupu. Maji yanayoingia ni sehemu moja ya tano ya lita, kwa kumimina mara moja. Meza ni kumi na tano, za watu wanane kama zetu. Vichwa mia na ishirini.

Kumimina kwa mara ya pili na kuendelea hakuna anayejua, hata mama yake. Nilimuuliza, akashangaa. "Kwani wewe unajua leo utapumua mara ngapi?" Wao huchimba kisima, basi.

Ninakula mezani kwako, baba. Nitakula samaki wako na wali wako na maharage yako, ukiwa na chungu kipya kisichojua nguruwe. Hilo tu.

Binti yako, A Qin


Xiashu, 12 Januari 1997

Mwanangu A Qin,

Habari za baridi? Sisi tumepata umande tu. Goti limeamua kunihurumia, na mimi nimeamua jambo, sikiliza.

Mvinyo ni nini? Ni mchele na maji ya Ziwa Jian. Nchi nzima wanajaribu kuupika, wanashindwa, kwa sababu hawana maji haya. Mchele upo kila mahali. Sasa, hao watu wako hawanywi mchele wetu uliochacha, sawa. Lakini maji? Maji yana kosa gani? Mtungi wetu unachukua lita ishirini na nne. Gawa kwa bakuli zako. Vichwa mia na ishirini, kila kichwa bakuli moja, hakibaki kichwa wala tone. Nilipopata jibu hilo nilicheka peke yangu dukani, mteja akashika shingo yake.

Kwa hiyo chai ya kumimina mara ya kwanza ni yangu. Ya pili na kuendelea ni ya kisima chao.

Jumapili nilichimba mtungi wa kumi, ule wa mama yako. Alama ya kidole gumba bado ipo. Niliiondoa pande zima bila kuivunja, nimeiweka kabatini. Kuufungua nikakuta umebaki nusu. Ardhi ilikuwa inakunywa miaka yote hii bila kualikwa. Wewe wa mvuke na unyevu ungeniambia mapema. Shou na wengine niliwapa kilichobaki, walikaa ukingoni wakasinzia kabla ya jua kuzama. Kisha nikauosha mtungi kwa maji ya moto, nikausugua kwa majivu, nikaurudia mara saba. Sasa unanuka udongo tu. Nitaujaza ziwani na kuja nao kwa treni. Mama yako aliuziba kwa ajili ya wageni tusiowajua, na kwao utafika.

Baba yako mwenye furaha


Linxia, 3 Februari 1997

Baba,

Shikamoo. Natumaini u mzima.

Sijui nianzeje, kwa hiyo naanza. Mtungi huo hauwezi kuja. Umekaa na mvinyo miaka ishirini na saba kasoro, na udongo hunywa, wewe mwenyewe umesema. Wageni wakijua, wengi hawatagusa bakuli zao, na wazee wataondoka. Nisipowaambia nitakuwa nimewadanganya siku yangu ya arusi. Mama yake Dehai nilimweleza yote. Alifuta macho, akasema, "Mwandikie polepole." Hii ndiyo polepole yangu, naona bado ni kali.

Najua ni mtungi wa nani. Najua umeuosha mara saba. Baba, njoo mikono mitupu. Mimi namtaka baba, sitaki kitu kingine.

A Qin


Linxia, 24 Machi 1997

Baba yangu,

Shikamoo. Theluji ya kituoni inayeyuka, usiku na mchana nasikia maji yakitembea chini ya barabara. Sijapata neno lako. Mzee Shou naye hajibu safari hii.

Arusi ni tarehe ishirini Aprili. Nimeota nimekaa kwenye mashua yenye paa jeusi, bakuli mkononi, natazama ukingoni, na chini ya mforosadi hakuna mtu anayehesabu.

Kama nimekukosea kiasi cha kutosameheka, niambie hivyo kwa barua. Ukimya ndio siuwezi.

A Qin wako


Xiashu, 7 Aprili 1997

Mwanangu,

Salamu, na pole. Pole sana. Umeumia bure, na kosa ni langu, maana mimi nikiwa na kazi nasahau kwamba watu hawanioni.

Barua yako ya mtungi ilinikera kwa muda wa kunyoa kichwa kimoja. Nilipofika cha pili nikaona binti yangu ana haki. Chombo kinakumbuka. Ningempelekea mtu wembe uliokatia samaki nikamwambia nimeuosha? Siku hiyohiyo nilikwenda kwa mfinyanzi wa kule ng'ambo, nikamwambia nataka mtungi ambao haujawahi kuonja kitu. Akanijibu tanuri lake linawashwa mara mbili tu kwa mwaka, la karibu ni mwisho wa mwezi wa tatu, na kama nina haraka nikanunue ndoo ya plastiki. Nikaamua kungoja. Nilijiambia sikuandikii mpaka niwe nao mkononi, kwa sababu nilishakuahidi mtungi mmoja ukashindikana, nikaona aibu kuahidi wa pili. Shou nilimkataza asiseme. Ndiyo maana na yeye alinyamaza, maskini, na unajua kunyamaza kulivyo kazi kwake.

Umetoka tanurini Jumatatu. Una rangi ya gamba la chaza, kimo kilekile, lita zilezile. Shou alitaka kuupapasa nikamwambia kwanza akanawe. Akanawa, akarudi, nikamwambia bado. Maji nimeyachota mwenyewe katikati ya ziwa asubuhi kabla mashua hazijayavuruga. Nimeuziba kwa majani ya yungiyungi na udongo mpya. Juu yake nikabandika kile kipande cha udongo cha zamani, ambacho hakikugusa mvinyo, kiligusa kidole cha mama yako tu. Kama hata hicho hakifai, niambie nikifika, nitakibandua kabla ya lango.

Naondoka kesho. Kwenye treni nitaupakata. Wakiniuliza nimebeba nini nitawaambia chai ya arusi, imebaki kuchemshwa.

Baba yako


Linxia, 29 Aprili 1997

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Umefika salama? Goti limeipokeaje safari? Nyumba hii imekuwa kubwa tangu uondoke. Watoto wa jirani wanamuuliza Dehai yule babu aliyelala na mtungi amekwenda wapi.

Nakuandikia mambo ambayo hukuyaona, kwa sababu ulikuwa na birika.

Hukuona nyuso. Ulikuwa unapita meza moja baada ya nyingine, midomo yako ikihesabu, na ukishamimina unakwenda mbele. Nyuma yako watu walikuwa wanakunywa, wanatulia, wanatazamana. Imamu aliinua kifuniko, akanusa, akauliza ni maji ya wapi. Dehai akamwambia ni ya kwao bibi arusi, baba yake ameyaleta kwa magoti yake. Mzee yule akanywa bakuli lote bila kuliweka chini, akakuombea dua mezani kwa sauti. Hukusikia, ulikuwa meza ya tisa.

Mimi nilipata bakuli langu la kwanza nikiwa chumbani na wanawake. Nilipofunua, mvuke ukanipanda usoni, nikawa chini ya daraja letu, nina miaka minane, mama anafua. Nililia, wakadhani naogopa ndoa.

Sasa kosa lako. Ulihesabu vichwa mia na ishirini, ukawamiminia mia na ishirini, mtungi ukakauka. Ulipokaa, bakuli lako lilikuwa na kunazi na sukari na kila kitu, halina maji. Baba, hukujihesabu. Nilijiuliza kama hata kwenye ile tisa ulijiweka, nikakumbuka hesabu yako yote ya mwaka jana, hukuwahi kutaja bakuli lako.

Mama mkwe alikuja mbio na birika la kisima. Wewe ukaweka kiganja juu ya bakuli, kama nilivyokufundisha, ukatabasamu. Akaniambia baadaye jikoni, "Hajanywa hata tone, anasema ametosheka. Baba yako ni mwongo mzuri."

Hakuruhusu bakuli lako lioshwe. Kwao, mgeni ambaye kunazi lake bado limo hajamaliza kunywa. Limekaa rafuni hapa, limefunikwa, kunazi liko ndani. Kila anayetaka kulisogeza anaambiwa lina mwenyewe. Kile kipande cha udongo chenye kidole cha mama kimewekwa pembeni yake. Kilifaa, baba.

Binti yako, A Qin, na Salima


Xiashu, 21 Mei 1997

Mwanangu A Qin, na Salima,

Salamu kwako, kwa fundi saa, na kwa mama mkwe mwenye birika. Nimefika salama, goti linasema haliendi tena popote, lakini nalijua, ni la kulalamika tu.

Kijiji hakikunipumzisha. Kila aliyekuja kunyolewa alitaka kusimuliwa. Nikaona nitarudia maneno hayohayo mpaka nikauke, basi Jumapili nikachimba ile mitungi tisa, nikapanga meza njiani kando ya mfereji, nikawaambia kaeni niseme mara moja.

Yote ilikuwa nusu. Tisa, kila mmoja nusu, ardhi haikupendelea. Shou akatazama ndani akasema, "Bingkun, miaka yote hiyo ya kujisifu, kumbe hata karamu ya bata haitoshi."

Nikahesabu meza. Mwaka ule wa kufukia zilikuwa ishirini na saba. Jumapili zimejaa kumi na tatu, na ya kumi na nne ina mtu mmoja, bibi wa kwenye kinu, ambaye hapendi kubanwa. Wengine wamefariki, wengine wamehamia mijini, wengine milango yao nimeisahau. Kijiji nacho kimebaki nusu. Tulimimina polepole, mvinyo umekuwa mzito, rangi ya asali. Walikunywa wakakutakia heri, kila meza kwa zamu, wakitaja jina lako kama vile umekaa hapo. Mtungi wa mwisho uliisha kwenye bakuli la bibi wa kinu.

Hesabu yangu ilikuwa sawa, mwanangu. Nusu kwa nusu, imetimia. Na ule wa kumi, mama yako alikuwa na haki kuniongezea. Nilikaa nikawaza ningemwambiaje.

Kuhusu bakuli langu. Mtu anayemimina hajihesabu, nilidhani kila mtu anajua hivyo. Lakini tangu nisome barua yako nashindwa kulala vizuri. Ndoto imebadilika. Mashua ni moja tu, haina mtu, na bakuli limekaa juu ya ubao limefunikwa.

Mfinyanzi anawasha tanuri tena baada ya mavuno. Nimeshamwagiza mtungi mwingine. Mdogo, wa bakuli moja. Alinicheka, akaniuliza ni karamu gani hiyo ya mtu mmoja.

Mwambie mama mkwe asiliguse kunazi langu.

Baba yako